Kesi Ikikawia, Mshtakiwa Ana Haki Gani ya Dhamana?

Barua nyingi zilizotufikia hivi karibuni katika safu hii ya sheria zinauliza jambo moja kwa sura mbalimbali: mtu amefikishwa mahakamani, amekana mashtaka, na tangu siku hiyo kesi haiendi mbele wala hairudi nyuma, ilhali yeye yumo rumande. Tumechagua chache tuzijibu, na tumeondoa kila kitu kinachoweza kumtambulisha mwandishi au jamaa yake.

SWALI: Kwako Wakili, salamu sana. Nimemlea mtoto wa marehemu kaka yangu tangu akiwa darasa la pili. Mapema mwaka jana alikamatwa, akashtakiwa katika Mahakama ya Makadara kwa wizi wa mabavu. Hakimu alimnyima dhamana kwa sababu mwendesha mashtaka alisema kijana hana makao yanayojulikana, na kwamba mlalamishi anaishi mtaa mmoja naye na anaogopa kutishwa. Tangu hapo yuko gereza la mahabusu la Industrial Area. Shahidi aliyesikizwa ni mmoja tu, yule mlalamishi mwenyewe. Siku nyingine afisa mpelelezi hafiki, siku nyingine faili ya polisi haikuletwa, na sasa hakimu amehamishwa. Kila nikienda, jina linaitwa, tarehe inatolewa, karandinga linamrudisha. Majirani wananiambia kwamba mtu akikaa mwaka mzima bila kuhukumiwa ni lazima aachiliwe. Je, ni kweli? – Shangazi, Kayole

JIBU: Mama, pole kwa safari hizo zote. Nitaanza na lile ambalo hutapenda kulisikia, ili tusijenge juu ya msingi usiokuwepo: katika sheria za Kenya hakuna idadi ya miezi ambayo ikitimia mshtakiwa mtu mzima huachiliwa moja kwa moja. Majirani wako hawakukuambia la kweli. Hata hivyo ucheleweshaji una uzito mkubwa mbele ya sheria, na kwa jinsi ulivyoeleza, kijana wako ana hoja nzuri kuliko unavyodhani.

Chanzo ni Katiba ya mwaka 2010. Ibara ya 49(1)(h) inampa kila aliyekamatwa haki ya kuachiliwa kwa dhamana, kwa masharti yanayofaa, akisubiri kushtakiwa au kesi yake kusikizwa, isipokuwa kuwe na sababu nzito za kumzuia. Kabla ya Katiba hiyo, mshtakiwa wa mauaji, uhaini, wizi wa mabavu au jaribio la wizi wa mabavu hakuwa na nafasi ya dhamana hata kidogo. Siku hizi hakuna kosa ambalo limewekwa nje ya haki hiyo, na ndiyo maana mwendesha mashtaka katika kesi ya kijana wako alilazimika kutoa sababu, badala ya kulitaja kosa na kuketi. Mahakama ya Rufaa ilieleza mwaka 2019 kwamba sababu hizo ni lazima ziwe na nguvu ya kumsadikisha hakimu kweli kwamba mshtakiwa hastahili kuachiliwa. Hofu ya jumla haitoshi, na wajibu wa kuzionyesha sababu hizo ni wa upande wa mashtaka; si kazi ya mshtakiwa kuthibitisha kwamba anastahili uhuru ambao Katiba imekwisha kumpa.

Sasa zitazame zile sababu mbili zilizotumika. Ya kwanza ilikuwa kwamba mlalamishi angetishwa asitoe ushahidi. Wewe mwenyewe unasema ameshautoa. Maneno yake yamo kwenye jalada la mahakama, na kitisho cha leo hakiwezi kuyafuta. Upande wa mashtaka unaweza kudai kwamba wapo mashahidi wengine, lakini itabidi useme ni akina nani na kwa nini nao wana hofu. Ya pili ilikuwa makao, nayo inatibika kabisa iwapo wewe, uliyemlea, uko tayari kumpokea nyumbani kwako na kulisema hilo wazi. Kwa hiyo hali iliyokuwepo siku aliponyimwa dhamana imebadilika, na mahakama zetu hukubali kuliangalia upya ombi la dhamana pale hali inapobadilika. Kunyimwa mara moja si kunyimwa hadi mwisho wa kesi. Ni watu wengi mno rumande wasiolijua hilo, na kwa maoni yangu huo ndio upungufu mkubwa zaidi katika jinsi washtakiwa wasio na mawakili wanavyoelezwa haki zao.

Juu ya mabadiliko hayo mawili uweke ucheleweshaji wenyewe. Ibara ya 50(2)(e) inampa mshtakiwa haki ya kesi yake kuanza na kumalizika bila kukawia pasipo sababu ya maana, na Ibara ya 25 inaiweka haki ya kusikizwa kwa haki miongoni mwa zile ambazo haziwezi kupunguzwa kwa namna yoyote. Hakimu aliyemnyima dhamana mwanzoni mwa mwaka jana aliamua akitarajia kwamba kesi ingesikizwa katika muda wa kawaida. Sababu iliyotosha kumzuia mtu kwa miezi mitatu inaweza isitoshe kumzuia kwa miaka miwili, hasa pale ambapo si yeye aliyesababisha kesi kukwama.

Hapo kwenye chanzo cha kukwama ndipo penye kazi yako, Mama. Nenda kwenye masijala ya mahakama ukiwa na nambari ya kesi, uombe nakala iliyoidhinishwa ya mwenendo wa kesi tangu siku ya kwanza. Kuna ada ya nakala, na pengine utaambiwa urudi siku nyingine, lakini usikate tamaa, kwa sababu karatasi hizo ndizo zitakazosema badala yako. Ukizipata, pitia kila tarehe na uandike kando yake kesi iliahirishwa kwa ombi la nani na kwa sababu gani. Ukiona kwamba karibu kila mara ni upande wa mashtaka ulioomba muda, hiyo ndiyo hoja. Ukiona mara kadhaa ni kijana mwenyewe aliyeomba, basi ni vyema ajue mapema, maana mwendesha mashtaka hatakosa kulitaja.

Nilisisitize jambo ambalo wengi hawalioni wakiwa kwenye benchi la nyuma. Siku ya kutajwa kwa kesi huchukua dakika chache. Mshtakiwa anasimama kizimbani, mwendesha mashtaka anasema hana faili au shahidi, hakimu anauliza kama mshtakiwa ana la kusema, naye kwa woga anajibu kwamba hana. Hakimu anaandika, tarehe inatolewa, anaitwa mwingine. Lisilosemwa hapo haliandikwi, na lisiloandikwa haliwezi kusomwa na jaji atakayelishika jalada hilo baadaye. Mwambie kijana wako utakapomtembelea kwamba akiulizwa, aseme kwa adabu na kwa sauti ya kusikika: kwamba anapinga kuahirishwa, kwamba yuko rumande tangu tarehe fulani, kwamba mlalamishi ameshatoa ushahidi, kwamba anaomba uamuzi wa dhamana uangaliwe upya, na kwamba ana jamaa aliye tayari kumpokea. Halazimiki kutaja vifungu wala kutumia Kiingereza. Ombi la mdomo ni ombi, na hakimu anapaswa kulitolea uamuzi.

Aombe pia ripoti ya afisa wa probesheni. Ripoti hiyo, ambayo imeelezwa vizuri katika Mwongozo wa Sera ya Dhamana uliotolewa mwaka 2015 na Baraza la Kitaifa la Usimamizi wa Haki, humwezesha hakimu kujua mshtakiwa anaishi wapi, na nani, na kama mtaa unamkubali. Afisa anaweza kuja kwako Kayole au kukupigia simu, anaweza kuzungumza na chifu na majirani, na hata kumsikiza mlalamishi. Mwambie ukweli. Kama kuna uhasama kati ya familia mbili, utaje, kisha useme kama kuna ndugu mwingine anayeishi mbali na mtaa huo ambaye anaweza kumpokea kijana. Pendekezo la aina hiyo limewahi kuwasaidia wengi kuliko kukanusha kwamba ugomvi upo.

Kuhusu hakimu aliyehamishwa, kifungu cha 200 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kinamruhusu hakimu mpya kuendelea pale mwenzake alipoachia, lakini ni lazima amweleze mshtakiwa kwamba ana haki ya kudai shahidi aliyekwisha kusikizwa aitwe tena. Afikirie vizuri kabla ya kudai. Akitaka mlalamishi arudi, hofu ya kutishwa kwa shahidi nayo itarudi mezani, na kesi itarefuka. Nionavyo, kama ushahidi ulinakiliwa sawasawa, ni afadhali kesi iendelee, na siku hiyohiyo ya kwanza mbele ya hakimu mpya ombi la dhamana liwasilishwe.

Likikataliwa, kifungu cha 123(3) cha sheria hiyo kinaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuamuru mtu aachiliwe kwa dhamana. Kwa hatua hiyo ni bora awe na wakili. Kama hamna uwezo, waulizeni Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, iliyoundwa kwa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2016, au Kituo cha Sheria, shirika lililoanza hapa Nairobi mwaka 1973. Kijana naye awaulize wasimamizi wa gereza kama wapo wasaidizi wa kisheria wanaofika huko, kwa maana wanaojua kuandika ombi la aina hii mara nyingine wako karibu naye kuliko walivyo karibu nawe.

Onyo moja kabla sijaiacha barua yako. Mashahidi wakizidi kukosekana, huenda mwendesha mashtaka akaondoa kesi kwa kifungu cha 87(a). Kijana ataachiliwa, nanyi mtafurahi kwa haki, lakini mjue kwamba kuondolewa kwa kesi kabla ya mshtakiwa kujitetea si kupatikana bila hatia, na anaweza kukamatwa tena kwa mambo yaleyale. Azihifadhi karatasi zote.

SWALI: Ndugu yangu alishtakiwa kwa wizi. Hakimu alimpa dhamana ya pesa taslimu shilingi 50,000 au bondi ya shilingi 200,000 na mdhamini mmoja. Sisi ni watu wa vibarua, hatuna hati ya shamba wala gari. Miezi inapita na yuko ndani. Wenzake wa rumande wanamshauri akiri ili ahukumiwe atoke haraka. Afanye nini? – Msomaji, Mathare

JIBU: Ndugu, asikiri kosa ambalo hakulitenda. Nalisema hilo kwanza kwa sababu ndilo lisiloweza kurekebishwa kwa urahisi. Akikiri, atakuwa na hatia kwenye kumbukumbu, cheti chake cha maadili kitaonyesha hivyo, na hakuna anayeweza kumhakikishia kwamba hakimu atampa kifungo kifupi. Adhabu ya juu kabisa ya wizi wa kawaida ni miaka mitatu. Kama kweli anataka kukiri kwa sababu alilitenda, hilo ni jambo jingine, na sheria ina utaratibu wa makubaliano na upande wa mashtaka ambao unapaswa kufanywa kwa maandishi na kwa hiari. Jueni pia kwamba kifungu cha 333(2) cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kinamtaka hakimu, anapotoa kifungo, azingatie muda ambao mtu alikaa rumande. Lakini asilichukue hilo kama sababu ya kukiri.

Tatizo lenu si kunyimwa dhamana, ni kupewa dhamana msiyoweza kuifikia, na kwa aliye ndani mambo hayo mawili yana matokeo mamoja. Sheria inalitambua hilo. Katiba inasema masharti yawe yanayofaa, na kifungu cha 123(2) kinasema kiwango kipangwe kwa kuangalia mazingira ya kesi na kisiwe kikubwa kupita kiasi. Kiwango kinachofaa hakipimwi kwa uzito wa kosa peke yake. Kinapimwa pia kwa mfuko wa anayeombwa, maana lengo la dhamana ni kumfanya mshtakiwa arudi kortini, na mtu wa kibarua atarudi kwa ajili ya shilingi 5,000 za mama yake kwa hima ileile ambayo tajiri atarudi nayo kwa ajili ya laki tano.

Kwa hiyo siku ya kutajwa, ndugu yako aombe hakimu apunguze kiwango au abadilishe masharti. Aeleze kazi anayofanya, anapata kiasi gani kwa siku, anawatunza akina nani, na amekaa ndani tangu lini kwa sababu ya kukosa pesa hizo. Aombe ripoti ya probesheni ithibitishe maneno yake. Hakimu anaweza kushusha kiasi, kukubali mdhamini mwenye hati ya mshahara badala ya mali, au kumwachilia kwa bondi yake mwenyewe, yaani ahadi yake ya kulipa asipofika kortini, bila mdhamini. Nyinyi jamaa muwepo kortini siku hiyo. Si kwamba sheria inalazimisha, ila hakimu anapouliza kama kuna ndugu wa mshtakiwa humu ndani na watu wanne wakasimama, hilo lina uzito wake. Ombi likigonga mwamba, Mahakama Kuu ina uwezo wa kupunguza kiwango kilichowekwa na mahakama ya chini, kwa kifungu kilekile cha 123(3) nilichomtajia shangazi wa Kayole.

Niongeze kwa wasomaji wengine walio na jamaa katika hali hii: kwa makosa ambayo adhabu yake ni faini peke yake, au kifungo kisichozidi miezi sita, Ibara ya 49(2) inakataza mtu kuwekwa rumande. Wapo vijana wanaozolewa mitaani kwa makosa madogomadogo na kukaa ndani kwa kukosa elfu chache. Hiyo ni kinyume cha Katiba, na inapasa kusemwa hivyo waziwazi siku ya kwanza wanapofikishwa kortini.

SWALI: Nimesikia kwamba Uganda mtu akikaa rumande siku fulani anaachiliwa kwa lazima. Kwa nini sisi hatuna kitu kama hicho? – Msomaji, South B

JIBU: Uliyosikia yana ukweli. Katiba ya Uganda, katika Ibara ya 23(6), inasema kwamba kwa kosa ambalo mahakama za chini zinaweza kulisikiza, mshtakiwa aliyekaa rumande siku 60 kabla ya kesi kuanza ataachiliwa kwa dhamana, na kwa kosa linalosikizwa na Mahakama Kuu peke yake, muda huo ni siku 180 kabla ya kesi kupelekwa huko. Mahakama hubakiwa na uamuzi wa masharti tu. India nako, sheria mpya ya mwenendo wa jinai iliyoanza kutumika tarehe 1 Julai 2024 inamruhusu mshtakiwa wa mara ya kwanza kuachiliwa akishatumikia theluthi moja ya kifungo cha juu cha kosa lake, na wengine nusu, isipokuwa kwa makosa yenye adhabu ya kifo au kifungo cha maisha.

Waliotuandikia Katiba ya 2010 walichagua njia nyingine. Waliweka haki ya dhamana kwa makosa yote tangu siku ya kwanza, wakamwachia hakimu kupima sababu, na hawakuweka ukomo wa siku. Kwenye karatasi, haki ya Mkenya ni pana kuliko ya jirani yake, kwa sababu haisubiri siku 60. Ugumu unakuja kwa yule ambaye amenyimwa au ameshindwa na masharti: hakuna tarehe ambayo inamlazimu mtu yeyote kumwangalia tena. Kifungu cha 205 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kinasema kesi isiahirishwe kwa zaidi ya siku 15 mfululizo kama mshtakiwa yuko rumande, na ndiyo maana huletwa kutajwa kila baada ya wiki mbili. Lakini kutajwa si kusikizwa. Mtu anaweza kutajwa mara ishirini, kila mara ndani ya muda wa sheria, na asimwone shahidi hata mmoja.

Mimi naamini Bunge linapaswa kuongeza kipengele kinachomtaka hakimu, kila baada ya muda uliowekwa, aeleze kwa maandishi kwa nini mshtakiwa bado anazuiliwa, bila kungoja aombwe. Si lazima aachiliwe. Anaweza kuwa mtu wa hatari kweli, na familia za waliouawa au kunajisiwa zina haki ya kutolala kwa hofu. Lakini sababu zirudiwe kupimwa, na ziandikwe. Anayeumia kwa utaratibu wa sasa ni yule asiye na wakili wa kumkumbusha hakimu, na huyo ndiye aliyejaa katika magereza ya Industrial Area na Lang'ata. Kwa sasa, msomaji wangu, anayeona kesi imekwama bila sababu anaweza pia kuandika kwa ofisi ya malalamiko ya Idara ya Mahakama au kulifikisha jambo kwenye kamati ya watumiaji wa mahakama hiyo. Hawawezi kubadilisha uamuzi wa hakimu kuhusu dhamana, ila wanaweza kuuliza jalada liko wapi na kwa nini halina tarehe ya kusikizwa.

SWALI: Nilimdhamini rafiki kwa hati ya gari langu. Kesi ina mwaka wa tatu sasa, nami nataka kuliuza gari. Je, nimefungwa hadi kesi iishe? – Mdhamini, Kasarani

JIBU: Hapana. Kifungu cha 128 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kinamruhusu mdhamini kuomba mahakama imwondolee dhamana wakati wowote. Andika barua au uende mwenyewe kortini, mbele ya mahakama iliyokupokea, ukiwa na kitambulisho na karatasi ulizopewa siku ile. Hakimu ataamuru mshtakiwa afike, na akifika utaondolewa, naye atatakiwa kuleta mdhamini mwingine. Akimkosa, anaweza kurudishwa rumande. Kwa hiyo mwambie rafiki yako mapema, mtafute wa kukupokea zamu kabla ya siku hiyo, na yeye atumie nafasi hiyohiyo kuomba masharti yalegezwe kwa kuwa amekuwa akihudhuria kortini miaka yote hii bila kukosa. Usiliuze gari kabla ya kupata amri ya kukuondoa na kurudishiwa hati yako, maana rafiki akitoroka katikati, mahakama itakutaka uonyeshe kwa nini usilipe kiasi chote cha bondi, na kifungu cha 131 kinairuhusu kukitoza hata kwa kukamata na kuuza mali yako nyingine.